Je, wajua kwa nini darasa la wapiga kura lilifichwa nyuma ya duka?

Januari 1957, kwenye kisiwa cha Johns, jimbo la South Carolina, Marekani, Weusi 14 walianza kisomo cha ngumbaru katika vyumba vya nyuma vya duka la ushirika. Duka lilikuwa kinga: Mzungu akipita aone bidhaa, asishuku shule. Sheria ya jimbo ilimtaka anayejiandikisha kupiga kura asome na kuandika kifungu cha katiba, au awe na mali ya dola 300. Wengi hawakuwa na hiki wala kile.

Mpango huo ulikuwa wa Septima Clark, mwalimu aliyezaliwa Charleston mwaka 1898. Alifukuzwa kazi mwaka 1956, na pensheni akanyimwa, kwa kuwa alikataa kujitoa NAACP, chama cha kutetea haki za Weusi. Yaliyompata yanaeleza kwa nini hakutafuta mwalimu wa serikali. Alimchukua Bernice Robinson, msusi na fundi cherehani, ambaye riziki yake haikuwa mikononi mwa Mzungu.

Robinson alianza na vitabu vya shule ya msingi, vikagoma. Mtu mwenye wajukuu hataki kusomeshwa kitoto. Akawauliza wenyewe wanataka nini: kuandika majina yao, kusoma Biblia, kujaza fomu za kuagiza vitu kwa posta. Hayo yakawa masomo, pamoja na vifungu vya katiba.

Jina ndilo lililotangulia. Mwalimu huliandika kwenye kadibodi, mwanafunzi hupitisha penseli juu yake, tena na tena, hadi mkono uzoee mikunjo ya herufi; kisha huandika bila kufuatisha. Mikono ya jembe iliibana penseli kama mpini, ikavunjika. Dawa ilikuwa kumpa nyingine, bila neno. Ukimkemea mtu mzima kwa penseli, kesho humwoni.

Walikutana jioni mbili kwa wiki, majira ya baridi, kazi za shamba zikiwa chache. Mwaka 1961 mpango ukahamia SCLC, shirika la Martin Luther King, na madarasa yakaenea Kusini mwa Marekani kote. Sheria ya Haki ya Kupiga Kura ya 1965 ilipositisha mtihani wa kusoma, madarasa hayakufungwa: fomu za benki na posta zilikuwa pale pale.