“Mtoto ana dhiki gani?” Maneno tunayoambiana Amu, na ukweli wake

Kaa kwenye baraza lolote la Langoni, mtaa wa hapa Amu (Lamu), baada ya alasiri, utalisikia tu: mtoto ana dhiki gani? Halipi kodi wala karo, bei ya unga haijui. Kazi yake kula, kulala na kucheza. Akinuna ni deko, akigoma kula ni jeuri, akijitenga na wenzake basi ametupiwa jicho.

Shirika la Afya Duniani linasema kati ya vijana saba wa miaka 10 hadi 19, mmoja ana tatizo la afya ya akili. Kwa watu wa umri wote, thuluthi ya matatizo hayo huanza kabla ya miaka 14, na nusu kabla ya 18. Najua, ukitaja afya ya akili watu hufikiria mwendawazimu wa sokoni. Yanayozungumzwa hapa ni hofu isiyoisha, huzuni, usingizi unaokatika, kukosa hamu ya mambo aliyokuwa akiyapenda. Mtoto hana maneno ya kuyasema hayo, kwa hivyo huyasema kwa tumbo, kwa godoro, kwa ugomvi. Nasi tunahangaika na tumbo, godoro na ugomvi, lililo nyuma yake hatuliulizi.

“Mtoto mtulivu hana neno”

Mtukutu huonwa na kila mtu. Mwalimu atamtaja, jirani atamleta nyumbani kwa sikio. Anayepotea machoni ni yule aliyetulia, ambaye hata wageni humsifu kwa adabu. Kuna watoto watulivu kwa tabia, na hao hawana shida yoyote. Kinachotakiwa kutazamwa ni mabadiliko. Aliyekuwa akiruka gatini na wenzake sasa hataki kutoka, na wiki mbili zimepita. Au tumbo lake huuma kila asubuhi ya skuli, na siku za mapumziko haliumi kamwe. Usimwambie anajifanya. Maumivu ya tumbo yanayotokana na hofu ni maumivu kweli, anayasikia kama wewe usikiavyo yako. Apimwe kwanza, kisha aulizwe taratibu huko aendako kuna nini.

“Kikojozi ni mvivu tu”

Hili nitalieleza kwa urefu kwa sababu watoto wengi wanaumia nalo na hakuna anayewasemea. Vichochoro vyetu ni vyembamba, punda wawili wakikutana lazima mmoja angoje. Godoro likianikwa mlangoni hakuna apitaye asilione. Na bado kuna nyumba ambazo mtoto wa miaka minane hubebeshwa godoro lile kichwani, wenzake wakimwimbia nyuma, ati aone haya aache.

Haya haimzuii mtu aliye usingizini. Usiku mwili hutoa homoni inayopunguza mkojo. Kwa watoto wengine homoni hiyo huchelewa kufikia kiwango, wengine kibofu chao bado ni kidogo, na wengi wao hulala usingizi mzito hata kibofu kikijaa ubongo hauamki. Katika watoto 100 wa miaka mitano, kama 15 hukojoa kitandani. Wengi huacha wenyewe kadiri wanavyokua, na wakifika miaka 15 hubaki mmoja au wawili. Wavulana ni wengi kuliko wasichana. Tena hurithiwa: mzazi mmoja akiwa alikuwa hivyo, uwezekano wa mtoto kuwa hivyo ni kama nne kwa kumi, wakiwa wazazi wote wawili, ni karibu robo tatu. Kwa hivyo baba anayevua mkanda, kabla hajaushusha, na aende kwanza kwa mamake mzazi amuulize yeye aliacha lini.

Yanayosaidia ni madogo. Watoto wetu hushinda skuli bila maji, wakirudi ndipo wanakunywa mpaka usiku. Wape chupa ya kwenda nayo, wanywe mchana. Chai ya usiku ipunguzwe, kwani chai ina kafeini nayo huzidisha mkojo. Aende chooni kabla ya kulala. Mchunguze kama anapata choo kigumu, maana utumbo uliojaa hukibana kibofu; papai na mboga humsaidia. Tandika nailoni chini ya shuka. Asubuhi badilisheni shuka pamoja, kimya, na godoro lianikwe darini juu ya nyumba, si mlangoni. Akipita miaka saba na bado linamsumbua, daktari anayo matibabu.

Ila kuna hali moja isiyongoja. Mtoto aliyekuwa amekauka miezi sita au zaidi, kisha akaanza tena ghafla, apelekwe hospitali. Huenda ni maambukizi ya njia ya mkojo, huenda ni kisukari, hasa akiwa na kiu kisichokatika na anakonda. Na hospitali isipoona kitu, jiulize nyumbani kumebadilika nini: talaka, mdogo wake aliyezaliwa, kuhamishiwa kwa bibi, mwalimu anayemuogopa, mtu anayemgusa.

“Bakora ndiyo dawa”

Mchelea mwana kulia hulia yeye. Methali hii naikubali. Inamtaka mzazi awe na msimamo hata mtoto akilia. Bakora tumeiongeza wenyewe.

Elizabeth Gershoff wa Chuo Kikuu cha Texas na Andrew Grogan-Kaylor wa Chuo Kikuu cha Michigan walizikusanya tafiti za miaka 50, zenye watoto zaidi ya 160,000, na mwaka 2016 wakatoa walichokiona. Watoto waliochapwa hawakuwa watiifu zaidi. Walielekea kuwa wagomvi zaidi na wenye matatizo mengi zaidi ya akili. Hapo barazani mtu atadakia, “Sisi tulichapwa na tukawa watu.” Kweli. Wengine hawakuwa, na hao hawako barazani kutusimulia.

Sheria nayo imeshasema. Fimbo ilipigwa marufuku katika skuli za Kenya mwaka 2001. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 ikaweka adhabu kwa anayempiga mwanafunzi au kumdhalilisha: faini isiyozidi shilingi 100,000, au kifungo kisichozidi miezi sita, au vyote viwili. Katiba ya 2010, kifungu cha 53, inamlinda kila mtoto dhidi ya ukatili wa aina zote na adhabu ya kinyama, popote alipo, na chuoni, yaani madrasani, ni mojawapo.

Nikifika kwenye chuo, najua itatajwa hadithi ya Mtume inayosema mtoto aamrishwe swala akiwa na miaka saba, na apigwe kwa kuiacha akifika kumi. Maulamaa wameiwekea mipaka mizito, na kabla ya hiyo kumi kuna miaka mitatu kamili ya kuamrisha na kufundisha tangu saba. Wangapi wetu tunaitimiza hiyo mitatu? Anas bin Malik alimtumikia Mtume (s.a.w.) miaka kumi tangu akiwa kijana mdogo, naye asimulia kwamba hakuwahi kuambiwa hata “uff”, wala kuulizwa kwa nini umefanya hivi au kwa nini hukufanya vile.

Kuacha bakora si kumwachilia. Umemtuma dukani baada ya magharibi, akapitia gatini kutazama mashua zikishusha mizigo, akarudi baada ya saa nzima na chenji pungufu. Ukimchapa, mara nyingine atakuja na hadithi tamu zaidi. Mrudishe dukani mhesabu pamoja na mwenye duka, pengo alilipe kwa kazi ya nyumba, na kesho tiara ikae ndani. Siku atakayorudi mapema na chenji kamili, mwambie umeona. Hilo la mwisho tunalisahau sana. Sifa tunawapa watoto wa wenzetu.

“Degedege ni jini, hospitali watamharibu”

Degedege humpata mtoto mwenye homa, kwa kawaida kati ya miezi sita na miaka mitano. Kati ya watoto 100, wawili hadi watano hupatwa nalo, na mara nyingi hukoma lenyewe kabla ya dakika tano. Mlaze ubavu, ondoa kilicho karibu cha kumuumiza, usimtie kijiko wala kidole mdomoni, usimnyweshe chochote mpaka azinduke. Kisha hospitali siku hiyo hiyo, kwa sababu pwani yetu ina malaria, na malaria ikipanda kichwani huua au huacha ulemavu. Likizidi dakika tano, usingoje likome: mbebe uende. Anayetaka mtoto asomewe, asomewe njiani. Hakuna daktari atakayemzuia. Balaa ni kombe (maji ya aya anayonyweshwa) na hirizi zinapokula siku mbili ambazo zilikuwa za dawa.

“Simu humtuliza”

Humnyamazisha. Miongozo ya Shirika la Afya Duniani ya 2019 haimpi kabisa aliye chini ya miaka miwili, na wa miaka miwili hadi minne hawazidishiwi saa moja kwa siku. Kwa wakubwa, tazama usingizi. Wa miaka 6 hadi 12 anahitaji saa 9 hadi 12. Wetu analala saa nne usiku na simu, anaamshwa saa kumi na moja alfajiri, skuli, chuo, kazi ya nyumbani. Hizo ni saa saba. Halafu tunauliza kwa nini ana hasira.

“Usimwambie, mwambie amesafiri”

Mzee amefariki, nyumba imejaa watu, na mtoto anaambiwa babu amesafiri. Katika mji ambao baba wa kweli husafiri, baharini, Mombasa au Uarabuni, na hurudi na zawadi, mtoto atangoja. Atakwenda gatini kila boti ikiingia. Akiambiwa “amelala”, ataogopa kulala. Mwambie amekufa, mwili wake umeacha kufanya kazi, harudi, na si kosa lako. Hilo la kosa lina uzito, kwa sababu wadogo hudhani wao ndio wamesababisha. Mwache aulize swali lile lile mara kumi.

Abu Umair, nduguye Anas kwa mama, alikuwa mtoto mdogo aliyefiwa na kindege chake. Mtume alipomwona ana huzuni alimwita kwa jina lake la heshima, akamuuliza habari za kile kindege. Ilikuwa ni ndege tu, na bado aliulizwa.

Wala usidhani waliojionea mabaya zaidi wamesahau kwa kuwa hawasemi. Waliokuwa wadogo Mpeketoni, katika kaunti yetu ya Lamu, iliposhambuliwa na watu wenye silaha Juni 2014 leo ni vijana. Mtoto aliyepitia mambo kama hayo huyarudia katika michezo yake, hushtuka kwa kelele, hung’ang’ania nguo ya mama. Mpe ratiba ya siku isiyobadilika na mtu mzima asiyekuwa na haraka.

“Hatari ni wageni”

Watalii wanatazamwa kwa macho manne, na ni sawa. Lakini wanaowadhulumu watoto kingono mara nyingi ni watu wanaojulikana: jirani, jamaa, mlezi, mwalimu. Mfundishe mtoto majina ya viungo vyake bila kufichaficha, na kwamba siri inayomtia hofu si siri ya kuweka. Akikwambia, muamini. Mpeleke hospitali kabla ya saa 72 tangu adhulumiwe, maana dawa ya kuzuia virusi vya Ukimwi haifai baada ya hapo, na asiogeshwe kwanza wala nguo zake zisifuliwe. Wazee wakitaka kulimaliza ndani kwa ajili ya stara ya ukoo, waambie kwamba polisi na afisa wa watoto wameshaarifiwa. Nambari 116 hupigwa bure Kenya nzima, na mtoto mwenyewe anaweza kuipiga.