Kuvu Inayotanda Kati ya Nyota: Dhana Potofu na Ukweli

Wapenzi wa hadithi za kisayansi wanalijua vizuri wazo hili: kuvu kubwa mno, nyuzi zake zimetanda kutoka nyota hadi nyota, ikipitisha habari na hata vyombo vya safari. Kama hadithi, ni tamu. Tatizo ni pale watu wanapoambiana kwamba sayansi imekaribia kulithibitisha. Haijakaribia, na sababu zake zinastahili kujulikana.

Dhana: Kuvu huota popote, hata kwenye ombwe, pasipo na hewa.

Hili ndilo kosa linalozaa mengine yote. Kuvu haijitengenezei chakula kama mmea. Humwaga vimeng'enya nje ya mwili wake, huyeyusha kilichopo, kisha hufyonza, na kazi hiyo haifanyiki bila maji. Anayetaka kuona achimbe kichuguu kilichoota uyoga baada ya mvua za kwanza. Shina lile jeupe haliishii juu ya udongo. Hushuka kama mzizi mrefu hadi kwenye chumba ambamo mchwa wamejenga sega la kahawia kwa majani na miti waliyoitafuna. Ukilishika lina unyevu, na juu yake kumejaa vipunje vyeupe vya kuvu. Mchwa huleta, kuvu huozesha, mchwa hula. Mchwa wakihama, kuvu nyingine hulivamia sega na uyoga ule hauoti tena.

Kati ya nyota hakuna wa kuleta. Huko wastani ni kama atomu moja tu kwa kila sentimita ya ujazo, na nyingi ni hidrojeni. Kweli, nyotamkia zina kaboni, ambayo kuvu huihitaji katika chakula chake: mwaka 2016 ilitangazwa kwamba chombo cha anga cha Rosetta kilikuta glisini, aina ya asidi amino (kijenzi cha protini), kwenye nyotamkia 67P. Lakini maji ya huko ni barafu, na barafu hainyweki.

Dhana: Kuvu ya Chernobyl hula mionzi, basi angani itashiba.

Kuvu nyeusi zilikutwa kweli ndani ya mabaki ya mtambo wa nyuklia ulioripuka mwaka 1986. Mwaka 2007 watafiti wa New York walionyesha kwamba kuvu zenye melanini nyingi, rangi ileile inayotia weusi ngozi yetu, zilikua haraka zaidi zikipigwa na mionzi. Hapo ndipo watu walipokimbilia kusema "zinakula mionzi". Hakuna aliyeonyesha kuvu ikijenga mwili wake kwa mionzi peke yake. Moja ya jamii hizo, Cladosporium sphaerospermum, ilipelekwa hadi Kituo cha Kimataifa cha Anga za Juu kupimwa kama ingeweza kuzuia mionzi. Tabaka lake jembamba lilipunguza takriban asilimia 2. Na ilioteshwa juu ya nini? Juu ya chakula cha maabara kilichotengenezwa kwa viazi na sukari. Hata huko juu, ilikuwa inakula shamba la duniani.

Dhana: Imeshathibitika kwamba kuvu huishi angani.

Kustahimili si kuishi. Cryomyces antarcticus, kuvu inayojificha ndani ya miamba ya Antaktika, ilikaa mwaka mmoja na nusu nje ya Kituo hicho, 2008 hadi 2009. Ilikaa ikiwa kavu, imelala, haili wala haikui. Iliporudishwa, ni sehemu ndogo tu ya seli iliyoweza kuota tena. Kwangu hilo ni jambo kubwa sana kwa kiumbe kidogo hivyo, ila halitupi kuvu inayotanda.

Dhana: Kuvu ya angani ilivamia Mir, kituo cha zamani cha anga za juu cha Warusi.

Ilipanda na wanadamu, kwenye ngozi na mizigo yao, ikastawi penye unyevu.

Dhana: Uyoga umepigwa picha kwenye sayari ya Mirihi.

Vile vidude vya mviringo vilivyopigwa picha na gari la Opportunity kuanzia 2004 ni madini ya chuma, hematiti. Upepo ukipeperusha mchanga, huonekana kama vimekua.

Dhana: Ikipewa muda, nyuzi zingefika.

Tuhesabu. Kuvu moja kubwa ya Oregon, Marekani, imetanda takriban hekta 965 chini ya msitu, na umri wake unakadiriwa kwa maelfu ya miaka. Tuseme nyuzi zinasonga mita moja kwa mwaka. Kufika mwezini, kilomita 384,000, kungechukua miaka milioni 384. Kufika Proxima Centauri, nyota jirani kabisa na Jua, kungechukua zaidi ya mara milioni mbili ya umri wa ulimwengu mzima.

Anayetaka kuibuni kwa haki aiweke chini ya barafu ya Enceladus, mwezi wa Zohali, ambako kuna bahari ya maji na misombo ya kaboni. Hata huko, hadithi yake ianze na kiumbe kingine: yule atakayeilisha.