Kipito cha mlima ni nini? Tuiangalie South Pass ya Wyoming

Kipito cha mlima ni ile sehemu ambayo safu ya milima inashuka, watu wanapata pa kuvukia kwenda upande wa pili bila kupanda mpaka kileleni. Maana ya kawaida ndo hiyo na iko sawa, ila haitoshi, maana ukiishia hapo utadhani kila pengo kwenye milima ni kipito. Inategemea nani anapita na amebeba nini. Mtu wa miguu na nyumbu wake anaweza akapenya mahali ambapo mwenye mkokoteni wa maksai hapiti hata umsukume, na kwa hilo mimi sioni mfano mzuri kuliko South Pass, kule jimbo la Wyoming, Marekani.

Mwaka 1805 msafara wa Lewis na Clark, wapelelezi waliotumwa na serikali ya Marekani, ulivuka milima ya Rocky, safu hiyohiyo yenye South Pass, kupitia kipito cha Lemhi Pass, mbali huko kaskazini. Walivuka kweli, lakini kwa farasi walionunua kwa Washoshone, wenyeji wa eneo lile, na mbele yake wakakutana na milima ya Bitterroot wakapata njaa mpaka wakala baadhi ya farasi wenyewe. Familia yenye watoto, magunia ya unga na mkokoteni ingepita wapi pale?

Sasa South Pass ni kitu kingine kabisa. Iko juu, karibu mita 2,260 kutoka usawa wa bahari, lakini ukisimama pale huoni korongo wala kuta za mawe, unaona uwanda mkubwa wa nyasi kavu na vichaka, upana wake makumi ya kilomita, kaskazini ndo unaona ile milima ya Wind River yenye theluji. Mteremko ni mdogo mno kiasi kwamba wasafiri wengi walipita juu kabisa bila kujua. Frémont, mpimaji wa jeshi la Marekani, alipofika kupima mwaka 1842 alilinganisha ule mpando na kile kilima cha bunge pale Washington, basi. Wengi walikuja kujua wamevuka walipofika Pacific Springs, chemchemi iliyo kilomita chache upande wa magharibi, kwa sababu maji ya pale sasa yanaelekea Pasifiki, kupitia mto Green halafu Colorado, wakati ya upande waliotoka yanaingia mito ya Sweetwater, Platte, Missouri, Mississippi mpaka ghuba ya Mexico.

Na hapa kwenye maji ndo penye uzito wenyewe, watu wanapasahau wakibaki kuongelea mwinuko tu. Maksai anakula nyasi na anakunywa kila siku, hakuna mkokoteni uliokuwa unabeba chakula cha maksai cha safari ya kilomita 3,200 hivi toka Missouri hadi Oregon. Mto Platte ukaungana na Sweetwater, yaani bonde moja baada ya lingine lenye maji na malisho linakupeleka taratibu mpaka mlangoni pa kipito chenyewe. Ukiondoa huo mto South Pass inabaki uwanda mzuri usiofikika.

Wenyeji walikuwa wanaijua siku zote, hili lisemwe wazi. Robert Stuart, mfanyabiashara wa manyoya, na wenzake sita walipita mwaka 1812 wakitoka pwani ya Pasifiki kwenda mashariki, na ni Mshoshone aliyemwambia kuna njia fupi huko kusini. Habari yake haikutumika sana, mpaka 1824 kundi la mwindaji wa manyoya Jedediah Smith lilipoelekezwa tena, safari hii na Wakrou, wenyeji wengine wa huko. Mwaka 1832 Bonneville, kapteni wa jeshi la Marekani, akavusha mikokoteni 20, hapo ndo ikathibitika magurudumu yanapita. Tarehe 4 Julai 1836 wakavuka Narcissa Whitman na Eliza Spalding, wake wa wamisionari na wanawake wazungu wa kwanza kupita pale, na watu huko mashariki wakaanza kuamini kwamba hata familia inawezekana. Kuanzia miaka ya 1840 waliohamia Oregon, waliohamia California na Wamormoni (waumini wa dhehebu la Kikristo waliokuwa wanaelekea Utah) wote wanapita hapohapo, jumla inakadiriwa ni watu laki tatu na zaidi, na ardhi ya Washoshone na majirani zao ikaliwa nyasi na wanyama wa watu wasiowajua.

Kipito pia kina msimu wake. Wasafiri walijitahidi wafike Independence Rock, mwamba mkubwa kabla ya South Pass, karibu na tarehe 4 Julai, ili theluji isiwakute milima ya mbele. Mwaka 1856 Wamormoni wa makundi ya Willie na Martin, waliokuwa wanavuta mikokoteni kwa mikono, walichelewa kuondoka, theluji ikawakamata Oktoba wakiwa mabonde ya Platte na Sweetwater, wakafa watu wanaokadiriwa kupita 200. Uwanda uleule laini, ila hauna pa kujificha upepo.

Reli ya kuvuka bara ilipokamilika 1869 haikupita South Pass, ilipita kusini zaidi ya hapo ambapo njia ilikuwa fupi na makaa ya mawe yapo karibu. Treni haili nyasi.