Kumvisha mbwa viatu bila vita

Mbwa akivishwa viatu mara ya kwanza hutembea kama kuku aliyefungwa uzi mguuni: ananyanyua juu, anakung'uta, kisha anaganda. Si ukaidi. Nyayo ndizo humpa habari za ardhi, na habari hizo zimekatika ghafla.

Anza na kipimo, maana viatu vingi vinavyokataliwa havikuwa saizi yake tangu mwanzo. Msimamishe juu ya karatasi, nyanyua mguu wa pili ili uzito uangukie ule unaoupima na vidole vitanuke, halafu tia alama ya penseli kushoto na kulia. Saizi ni upana huo. Pima ya mbele na ya nyuma mbalimbali. Ya mbele kwa kawaida ni mipana zaidi. Na kata kucha kwanza. Kucha ndefu husukuma pua ya kiatu, kiatu kikazunguka mguuni.

Siku mbili tatu za mwanzo hakuna kiatu kabisa. Shika mguu, minya vidole taratibu, mpe kipande cha nyama kama punje ya hindi, achia. Akizoea, mvishe kiatu kimoja cha mbele kwa sekunde 10, nyama ikitoka mfululizo. Ukivua, nyama inakoma. Wengi hufanya kinyume: nyama hutoka baada ya kuvua, na mbwa anajifunza kwamba raha iko kwenye kuvuliwa.

Kesho yake, viwili vya mbele. Hapohapo tupa nyama hatua tatu mbele yake, kabla hajapata nafasi ya kukaa na kuvitafuna. Vya nyuma visubiri hadi atembee kawaida na vya mbele, kwa sababu miguu ya nyuma ndiyo hurusha mateke zaidi. Vinne kwa pamoja viwe dakika 2 au 3 tu, ndani, juu ya mkeka au zulia. Kwenye vigae atateleza na utaanza upya.

Mkanda wa velkro ukae pale mguu unapokuwa mwembamba juu ya unyayo, kidole chako kimoja kipite chini yake. Ukilegea, kiatu kinageuka. Ukikaza mno, vidole vinavimba. Akishafikia kuvaa dakika 10, vua ukague, hasa ukucha wa pembeni, ule ulio juu upande wa ndani wa mguu. Pakiwa pekundu, mvishe kwanza soksi ya mtoto mchanga.

Je, anavihitaji? Kwenye chumvi inayomwagwa barabarani Toronto wakati wa barafu, ndiyo, maana huwasha nyayo. Mbwa wa Iditarod, mashindano ya mbwa kuvuta sleji kwenye theluji kule Alaska, hubebewa viatu 8 kila mmoja kwa mujibu wa kanuni. Lami ya Maskati mchana wa Julai, pia ndiyo: weka mgongo wa mkono juu yake sekunde 7, na ukishindwa kuvumilia, yeye pia ataungua. Ila kama mnaweza kutoka saa kumi na mbili asubuhi, mimi ningeviacha nyumbani.

Mbwa hutoka jasho nyayoni, hivyo vivuliwe mara tu mnaporudi. Kausha katikati ya vidole, na vianike viatu midomo ikitazama chini.