Bustani za Xochimilco hazielei: dhana potofu na ukweli kuhusu safari ya siku moja miferejini

Kusini mwa Mexico City, kwenye bonde lililo zaidi ya mita 2,200 juu ya usawa wa bahari, kuna mifereji, mashamba membamba na mashua za mbao zenye rangi kali. Ni Xochimilco (hutamkwa Sochimilko), mabaki ya maziwa yaliyowahi kujaza bonde lote. Mgeni anaweza kutoka katikati ya jiji asubuhi, akala mchana majini na akarudi kabla ya giza. Shida ni kwamba wengi hufika na kuondoka na habari zilezile za vipeperushi vya watalii, na habari hizo huwaficha watu wanaostahili kuonekana kwanza, yaani wakulima.

Dhana: Bustani hizi huelea juu ya maji

Haziendi popote. Chinampa ni shamba lililojengwa kuanzia sakafu ya ziwa. Mkulima wa zamani alichagua mahali penye kina kifupi, akapigilia vigingi kuzunguka kipande chembamba cha mstatili, kisha akakijaza tabaka kwa tabaka: matete na majani ya majini, tope lililochotwa mferejini, majani tena, tope tena, mpaka udongo ukatokeza juu ya maji. Kingoni alipanda ahuejote, mti wa jamii ya mwerebi. Mizizi yake hushikilia kingo zisimomonyoke, na kwa kuwa matawi yake hupanda wima badala ya kutanda, mazao hayanyimwi jua.

Wembamba wa shamba una sababu yake. Maji ya mfereji hupenya ardhini kutoka kila upande hadi yafike mizizini, hivyo hata miezi ya ukame udongo hubaki na unyevu bila mtu kubeba ndoo kutwa nzima. Maji hayohayo hupunguza makali ya baridi ya usiku, na kwenye mwinuko huu baridi kali huweza kuua miche kwa usiku mmoja.

Kinachonivutia kuliko vyote ni kitalu. Mkulima huchota tope laini kutoka chini ya mfereji kwa upondo mrefu wenye mfuko mwishoni, hulitandaza pembeni mwa shamba na kuliacha ligande kiasi. Likishakaza hulikata kwa kisu kuwa vipande vidogo vya mraba, viitwavyo chapín. Kila kipande hutobolewa kwa kidole, hutiwa mbegu, kisha hufunikwa. Mche ukishachipua huhamishwa pamoja na kipande chake cha tope, mizizi isijue kama imehama. Kwa hiyo zao moja linapokomaa shambani, lingine tayari lina majani kitaluni, na ardhi hailali. Ndiyo maana chinampa moja huvunwa mara kadhaa kwa mwaka. Na tope linalochotwa kila msimu hufanya kazi mbili: hurutubisha shamba na kuuacha mfereji ukipitika.

Maandishi ya Wahispania ya karne ya 16 tayari yalizungumzia mashamba yanayosogea majini. Huenda waandishi waliona vitalu vya miche vikivutwa juu ya matete kutoka shamba moja hadi jingine, wakadhani shamba zima ndivyo lilivyo.

Bustani zinazoelea kweli zipo, ila kwingineko: Ziwa Inle nchini Myanmar, Ziwa Dal huko Kashmir, na mabonde ya kusini mwa Bangladesh, ambako wakulima hurundika magugu maji, wakayaacha yaoze na kupanda mboga juu yake. Ni magugu yaleyale yanayowasumbua wavuvi wa Kisumu na Mwanza. Xochimilco pia yamefika, na huko huhesabiwa kuwa adui maana huziba mifereji.

Dhana: Waazteki ndio waliozibuni

Walizikuta. Watu wa Xochimilco walikuwa wakilima hivi kabla ya kutekwa na watu wa Tenochtitlan, mji mkuu wa Waazteki, katika karne ya 15. Watawala wapya walichofanya ni kupanua kazi hiyo kwa kiwango kikubwa ili kulisha mji wao, ulioanzishwa mwaka 1325 katikati ya Ziwa Texcoco. Texcoco lilikuwa na maji ya chumvi. Maziwa ya kusini, Xochimilco na Chalco, yalipata maji baridi ya chemchemi, na hapo ndipo kilimo hiki kilipostawi. Baada ya mji kuanguka mwaka 1521, Wahispania walichoshwa na mafuriko wakaamua kuyaondoa maji. Mwaka 1607 walianza kuchimba njia ya kuyatoa bondeni, na kazi ya kukausha maziwa iliendelea kwa karne tatu. Xochimilco ni sehemu ndogo iliyosalia.

Dhana: Maji ya mifereji bado ni ya chemchemi

Chemchemi zilikuwepo, na zilikuwa nyingi. Mwanzoni mwa karne ya 20 serikali iliziingiza kwenye mabomba ili kulinywesha jiji, na kufikia katikati ya karne hiyo zilikuwa zimekauka. Leo sehemu kubwa ya maji ya mifereji ni maji taka yaliyosafishwa, hasa kutoka mtambo wa Cerro de la Estrella. Ardhi nayo inadidimia kwa sababu jiji linaendelea kuvuta maji ya chini. Mwezi Januari mwaka 2017 ufa ulifunguka chini ya mfereji mmoja na maji yakaanza kutokomea ardhini mbele ya macho ya wenye mashua.

Nayasema haya kwa uchungu, maana jiji lilichukua maji safi na kurudisha yaliyotumika, kisha likawalaumu wakulima kuwa mboga zao hazifai. Mgeni asioge wala asichezee maji. Ila asidhani kila mboga ya chinampa ni chafu: wako wakulima waliojenga vichujio vya mimea na mawe kwenye mifereji midogo inayozunguka mashamba yao, na watafiti wa Chuo Kikuu cha Taifa cha Mexico (UNAM) hupima maji hayo pamoja nao.

Dhana: Ukishapanda mashua, umeiona Xochimilco

Inategemea gati. Mashua hizi bapa, trajinera, husukumwa kwa upondo na mtu mmoja anayesimama kwenye ncha. Kwenye gati kubwa kama Nuevo Nativitas utakutana na msongamano, wanamuziki wa mariachi wanaopiga kwa malipo ya kila wimbo, marimba, wauza bia na wauza maua. Watu wengine huidharau sherehe hii kuwa ni ya watalii tu. Si kweli: Jumapili mashua nyingi hujaa familia za Mexico City zenyewe, zikiwa na keki ya siku ya kuzaliwa na masufuria ya nyumbani. Ni furaha yao, na ni halali.

Lakini saa moja ya hapo haikufikishi shambani. Utaona mashua zingine. Anayetaka mashamba aende gati la Cuemanco, upande wa eneo la hifadhi, siku ya katikati ya wiki, na alfajiri kama anaweza. Akubaliane mapema na mwenye mashua juu ya safari ya muda wa saa tatu au nne, na amwombe apite kwenye chinampa inayolimwa. Bei rasmi ni ya mashua nzima kwa saa, si ya kila kichwa, na hubandikwa gatini. Wanaodai malipo kwa kila mtu barabarani kabla hujafika majini waachwe waende zao.

Kisiwa cha wanasesere, je? Cha asili, alichokipamba mkazi wake Julián Santana kwa wanasesere hadi kifo chake mwaka 2001, kiko mbali. Vingi vinavyoonyeshwa karibu na magati ni vya kuigiza.

Dhana: Chakula ni tortila na pilipili tu, na chote kimetoka chinampa

Hapa ndipo msomaji wa Kiswahili ana cha kugundua kuliko mgeni mwingine yeyote, kwa sababu nusu ya jikoni letu ilizaliwa upande ule wa dunia: mahindi, maharage, nyanya, pilipili, parachichi, maboga. Tumevipokea vyote, tukavipenda, lakini baadhi ya maarifa ya kuvitumia hayakuvuka bahari.

Chukua mahindi. Wengi hudhani tortila ni chapati ya unga wa sembe. Jaribu kutengeneza hivyo, itakatikia mkononi. Mahindi ya tortila huchemshwa kwanza na chokaa, hulazwa usiku mzima, huoshwa, kisha husagwa yakiwa bado majimaji kuwa kinyunya. Chokaa hulegeza ganda na kufanya kinyunya kishikane. Pia hufungua vitamini B3 ambayo mwili hauwezi kuipata vizuri kwenye hindi la kawaida. Mahindi yaliposafiri kwenda Ulaya na Afrika bila ujuzi huo, mahali ambapo maskini walikula mahindi na karibu mahindi peke yake, ugonjwa wa pelagra uliwaandama.

Kinyunya hicho ndicho kinachotengeneza tlacoyo, chakula ninachokipendekeza kabla ya vyote: andazi bapa lenye umbo la yai, limejazwa maharage yaliyopondwa au jibini laini, limechomwa kwenye chuma kikavu na kutandazwa juu yake majani ya mpungate yaliyokatwakatwa, miiba ikiwa imeondolewa. Kuna kesadiya, yaani tortila zilizokunjwa na kujazwa, za maua ya maboga. Sisi hula majani ya maboga na maua huyaacha yazae. Wao hula ua pia. Kuna huitlacoche, ukungu mweusi unaovimbisha punje za hindi. Mkulima wa kwetu akiuona huung'oa na kuuchoma kwa hasira. Huko hupikwa kwa kitunguu na kuuzwa kwa bei nzuri kuliko hindi lenyewe, na ladha yake iko karibu na uyoga.

Kisha kuna mchicha. Katika kijiji cha Tulyehualco, ndani ya Xochimilco, hulimwa mchicha wa mbegu. Mbegu hubanikwa zikapasuka kama bisi ndogo, zikachanganywa na asali au sukari na kukatwa vipande viitwavyo alegría. Mapadre wa Kihispania waliichukia mbegu hii kwa sababu wenyeji waliifinyanga kuwa sanamu za miungu, lakini wakulima hawakuiacha. Sisi tunang'oa mchicha ukiwa mchanga kwa ajili ya majani. Ningependa sana kumwona mkulima wa Arusha au Kiambu akijaribu kuuacha ukomae.

Kuhusu asili ya vyakula vinavyouzwa kwenye vyombo majini, usidanganyike: mahindi ya kuchemsha na nyama huweza kuwa vimenunuliwa sokoni kama popote jijini. Kinachotoka chinampa kwa hakika ni mboga za majani: letisi, spinachi, figili, na mboga za asili kama romeritos, ambayo huliwa Krismasi na wakati wa Kwaresima. Maua pia. Zitafute kwa mkulima mwenyewe au kwenye soko la mji wa Xochimilco, hatua chache kutoka kanisa la San Bernardino.

Dhana: Utamwona aksolotli akiogelea, na kwa kuwa wako wengi duniani hayuko hatarini

Aksolotli ni kiumbe wa majini wa jamii ya salamanda, anayebaki na matamvua maisha yake yote na anayeweza kuotesha mguu uliokatika. Maabara na matangi ya nyumbani yana maelfu kwa maelfu. Porini ni habari nyingine: mwaka 1998 watafiti walikadiria 6,000 kwa kilomita moja ya mraba ya mifereji; mwaka 2014 walikadiria 36. Utakayemwona ni yule aliye kwenye tangi, au kwenye noti ya peso 50 iliyotolewa mwaka 2021, ambamo amechorwa pamoja na mahindi na mifereji ya kwao.

Sehemu ya kisa hiki inatuhusu. Katika miaka ya 1970 na 1980 serikali ilipandikiza samaki ili kuwapa watu kitoweo: karpu kutoka Asia, na tilapia, jamii ya perege na sato wetu. Samaki hao hula mayai na watoto wa aksolotli, na wamejaa mifereji mikubwa. Tiba inayojaribiwa na watafiti wa UNAM, wakiwemo wa kundi la Luis Zambrano, inamtegemea mkulima: mifereji midogo ya chinampa huwekewa kizuizi na kichujio, samaki wasipite, maji yasafike, na aksolotli apate makazi. Shamba lililoachwa haliwezi kufanya kazi hiyo.

Dhana: UNESCO imeshailinda, hakuna la kuhofia

Xochimilco iliingia kwenye orodha ya Urithi wa Dunia mwaka 1987 pamoja na kitovu cha kale cha Mexico City, na ardhi yake oevu ikatambuliwa na Mkataba wa Ramsar mwaka 2004. Orodha hazichoti tope. Chinampa nyingi zimeachwa, vijana wamekwenda kwenye mshahara wa jiji, na baadhi ya mashamba yamesawazishwa kuwa viwanja vya mpira au vya sherehe, kwa kuwa kukodisha uwanja kwa saa huleta fedha haraka kuliko letisi. Mgeni anayelipia asubuhi moja shambani, akala huko na kununua mboga kwa mkulima, hupunguza tofauti hiyo kidogo. Treni nyepesi huondoka kituo cha Tasqueña, mwisho wa njia namba 2 ya metro, na kufika mjini Xochimilco. Kwa Cuemanco ni rahisi zaidi kuchukua teksi. Kuanzia Juni hadi Septemba mvua hunyesha mara nyingi alasiri, kwa hiyo panga kuwa majini asubuhi.