Barabara ikipita shambani mwako, malalamiko yapelekwe wapi?

Tangu tuanze kampeni hii ya kueleza njia za malalamiko katika miradi ya barabara inayolipiwa na Banki ya Dunia, katika kata za Bukavu, neno tunalolisikia kila mahali ni hili: «Tukilalamika, mradi utatukimbia.» Wakaaji wapendwa, tunaomba neno hilo liachwe.

Mwaka 2017 watu wanaoishi kando ya barabara ya taifa namba 2, Bukavu hadi Goma, waliandikia Jopo la Ukaguzi la Banki ya Dunia, chombo kinachopokea malalamiko ya watu walioumizwa na miradi ya Banki. Walieleza mashamba na machimbo ya mawe yaliyochukuliwa, ukatili wa kijinsia, na nguvu za askari waliolinda kazi. Novemba mwaka huo Banki ikasimamisha malipo ya ujenzi. Kilichosimamisha kazi ni makosa yaliyotendwa, si watu walioyasema.

Anzeni kwa kamati ya malalamiko ya mradi. Malalamiko yaandikwe katika daftari, nanyi mpewe namba. Bila namba hakuna ufuatiliaji. Msipopata jibu la kuridhisha, iandikieni Banki yenyewe. Jopo linafuata, na linapokea barua ya watu wawili au zaidi, hata kwa Kiswahili, bila malipo na bila avoka. Majina hufichwa mkiomba. Mradi ukishafungwa, mlango unabaki wazi miezi 15 tu. Barua ikisajiliwa, uongozi wa Banki una siku 21 za kazi kujibu, kisha Jopo lina 21 nyingine kupendekeza kama uchunguzi ufanyike. Jopo halilipi fidia wala halimhukumu mkandarasi: linachunguza kama Banki ilifuata kanuni zake.

Kuhusu fidia, asiye na cheti cha kiwanja asijitoe mwenyewe: nyumba na mimea yake vinahesabiwa. Ila kibanda kilichosimamishwa baada ya tarehe ya mwisho ya sensa, yaani hesabu ya watu na mali zinazoguswa na mradi, hakilipwi, hata chefu wa mtaa akitia muhuri.

Mfereji mpya ukimwaga maji juu ya nyumba za mteremkoni, hayo pia ni malalamiko. Hapa Bukavu udongo hausubiri, basi msingoje ukuta upasuke.

Aliyebakwa na mfanyakazi wa mradi asisimamishwe mbele ya kamati kusimulia, na familia isikubali «kupatanishwa» kwa mbuzi. Mradi unatakiwa kuwa na njia ya siri kwa jambo hilo. Kabla ya karatasi yoyote afikishwe hospitalini, ndani ya saa 72, maana dawa ya kuzuia virusi vya UKIMWI haifai tena baada ya hapo.