Je, wajua kwa nini mji wa Wazulu ulio pwani umeipa bahari kisogo?

Ukitoka Durban, Afrika Kusini, ukashika barabara kuu ya N2 kuelekea kusini, Bahari ya Hindi inabaki mkono wako wa kushoto. Baada ya muda si mrefu unafika Amanzimtoti. Kushoto kuna maghorofa ya mapumziko yaliyojipanga mbele ya mchanga kama watu walio mstari wa mbele uwanjani. Kulia, ng'ambo ya barabara, kuna vilima vilivyojaa nyumba ndogo ndogo. Hapo ndipo KwaMakhutha, kitongoji cha Wazulu.

Kwenye ramani, pande zote mbili ni pwani. Joto ni lile lile, unyevu ule ule. Ila mtu wa Kilwa, Lamu au Bagamoyo akifika KwaMakhutha atahisi kuna kitu hakiko sawa. Kwetu mji wa pwani huanzia ufukweni: bandari, msikiti, soko la samaki, kisha nyumba zinapanda kuelekea bara. Hapa nyumba zimeanzia bara na zimeishia bara. Hakuna ngalawa iliyoegeshwa wala nyavu zilizoanikwa. Watu wanaishi kilomita chache tu kutoka majini, na mji wao umeipa bahari kisogo. Kwa nini?

Kabla ya kujibu, sikiliza kwanza majina, maana Mswahili ana bahati: Kizulu kinamfungukia. Hiyo "Kwa" ya KwaMakhutha ni "kwa" yetu, ile ya Mtoni kwa Azizi Ally kule Dar es Salaam au Mukuru kwa Njenga kule Nairobi. KwaMashu, kitongoji kikubwa kaskazini mwa Durban, ni "kwa Marshall", yaani Marshall Campbell, mwenye mashamba ya miwa. Amanzi ni maji. Imvula ni mvua. Kiswahili kimeidondosha ile "l" njiani. Ukidondosha "l" hiyo hiyo kwenye neno izulu, lenye maana ya mbingu, unaikuta ndugu yake kwetu: juu. Kwa hiyo amaZulu ni watu wa juu, watu wa mbinguni.

Jina Amanzimtoti lina kisa chake. Husimuliwa kwamba Shaka, mfalme wa Wazulu, akipita huku na jeshi lake, alikunywa maji ya mto akasema kumbe maji haya ni matamu. Neno la kawaida la "tamu" kwa Kizulu ni mnandi. Lakini mama yake aliitwa Nandi, na adabu ya Kizulu iitwayo hlonipha inakataza kulitamka ovyo jina la mkubwa, hata likiwa limejificha ndani ya neno jingine. Basi likatumika neno mtoti mahali pake. Mji mzima wa ufukweni ukabaki na jina lililozaliwa na heshima kwa mama, na hata wale waliokuja kuutenga kwa Wazungu peke yao waliendelea kuliita hivyo hivyo.

Sasa swali. Jibu rahisi utakaloambiwa na wengi ni kwamba Wazulu ni watu wa ng'ombe. Lina ukweli wake. Utajiri wa Mzulu ulikuwa zizini, mahari ni ng'ombe, maziwa ya mgando yaitwayo amasi ndiyo fahari ya nyumba, na zamani wengi wao hawakula samaki kabisa. Walimwona ni wa ukoo mmoja na nyoka: hana miguu, ana magamba, anateleza.

Lakini jibu hilo halitoshi. Ukienda kaskazini kabisa, Kosi Bay karibu na mpaka wa Msumbiji, utakuta mitego ya samaki ya fito zilizochomekwa majini kwa mstari unaopinda, ambayo mvuvi wa Unguja ataitambua mara moja kwa sababu ni ndugu ya uzio wake. Wenyeji wa huko wana asili ya Kitonga na wameitunza kazi hiyo kizazi kwa kizazi. Kule Sokhulu, akina mama wa Kizulu wamekuwa wakishuka maji yakitoka kubandua imbaza, aina ya kome wanaoshikamana na miamba. Watu hawa hawakuiogopa bahari. Mila ya kutokula samaki inaeleza kilicho sahanini. Haielezi kwa nini nyumba maelfu zilijengwa nyuma ya barabara na nyuma ya vilima.

Hilo linaelezwa na sheria. Mwaka 1950 serikali ya ubaguzi wa rangi ilipitisha sheria ya kugawa miji kwa rangi: kila kundi na mtaa wake. Mwaka 1953 ikaongeza nyingine ya kutenganisha huduma za umma, kuanzia mabenchi na vyoo hadi fukwe. Pwani ya kusini mwa Durban ikakatwa vipande kama keki. Amanzimtoti ikawa ya Wazungu. Isipingo ikatengewa Wahindi. Waafrika wakapewa Umlazi na maeneo ya nyuma, na baadaye vitongoji kama Umlazi na KwaMakhutha vikawekwa chini ya "nchi" ya kubuni iliyoitwa KwaZulu. Wapangaji wa miji walitaka kuwe na ukanda mtupu kati ya rangi na rangi: mto, reli, barabara kuu, eneo la viwanda. Ukisimama leo kati ya KwaMakhutha na mchanga na kuhesabu unachopaswa kuvuka, unaisoma sheria ile ardhini, ingawa karatasi yake ilishafutwa.

Mchanga wenyewe ulikuwa na ulinzi wake. Kuna picha mashuhuri ya kibao cha ufukweni Durban, cha lugha tatu, Kiingereza, Kiafrikaans na Kizulu, kikitangaza kwamba eneo hilo la kuogelea ni la watu weupe peke yao. Picha ile ni ya mwaka 1989. Rudia kuusoma mwaka huo. Picha nyingine za zama hizo zinawaonyesha mayaya weusi wamekaa mchangani na watoto wa Kizungu. Mama aliweza kumlinda mtoto wa mwenzake asizame, na wa kwake akabaki kilimani. Mimi hapo ndipo panaponichoma zaidi kuliko mahali pengine popote katika habari hii.

Fukwe zilifunguliwa kwa wote kwa tangazo la Rais F.W. de Klerk la Novemba 1989, na sheria yenyewe ikafutwa mwaka uliofuata.

KwaMakhutha yenyewe ilikuwa imeshalipa gharama kubwa kabla ya hapo. Usiku wa Januari 21, 1987, katika vita vya kisiasa vilivyoitafuna KwaZulu na Natal, nyumba moja ya kitongoji hicho ilivamiwa kwa bunduki na watu 13 wakauawa, wengi wao wanawake na watoto. Kesi iliyomfikisha mahakamani hadi aliyekuwa waziri wa ulinzi wa serikali ya ubaguzi, Magnus Malan, iliisha mwaka 1996 kwa yeye na wenzake kuachiwa huru. Familia zilibaki na makaburi.

Watu waliokulia mahali kama hapa walijifunza kushikana. Vitongoji vyote vya namna hii vilijengwa kwa mchoro unaofanana: vyumba vinne vya matofali, jiko likiwa kimoja kati ya hivyo, nyumba za kiberiti zilizopangwa kwa safu. Wenyeji wanapaita ilokishi. Nyumba zinafanana, basi watu wakatofautishana kwa namna nyingine. Salamu ni sawubona, yaani "tunakuona", na hiyo bona ndani yake ni "ona" yetu. Mkubwa haitwi kwa jina lake la kwanza, anaitwa kwa sifa za ukoo: wa ukoo wa Mkhize ataitwa Khabazela, wa ukoo wa Zuma ataitwa Nxamalala. Ukimwita mzee hivyo njiani utamwona anasimama wima kidogo. Umewaita na waliomzaa.

Kuna pia chama kiitwacho umasingcwabisane. Jina ni refu, maana yake fupi: tusaidiane kuzika. Ni kufa na kuzikana, kile kile cha mitaani kwetu, na michango ya kila mwezi, na akina mama wanaofika msibani na masufuria yao kabla hata hawajaitwa.

Chakula kitamfanya Mswahili atabasamu. Uphuthu ni unga wa mahindi uliopikwa ukakauka na kuvunjikavunjika, hausongwi kama ugali, unamwagiwa amasi baridi ukaliwa kwa kijiko. Amadumbe ni magimbi, yanachemshwa na maganda yake, na pwani hii inayapenda kama Wachaga wanavyoipenda ndizi. Asubuhi kuna amagwinya, maandazi makubwa ya mviringo, unayanunua dirishani kwa jirani ukiwahi usafiri.

Usafiri wenyewe ni Hiace. Abiria wa nyuma anatoa nauli, inapita mkono kwa mkono hadi mbele, na chenji inarudi njia ile ile bila kupungua. Gari hizo zinaunganishwa hapo hapo jirani, kwenye kiwanda cha Toyota cha Prospecton, kinachoajiri watu wa vitongoji hivi. Mafuriko ya Aprili 2022, yaliyoua zaidi ya watu 400 mkoani KwaZulu-Natal, yalikizamisha kiwanda hicho kikasimama kwa miezi. Mabomba ya majitaka yakapasuka pia, na fukwe nyingi zikafungwa kwa sababu maji yalikuwa machafu. Kwa mara nyingine watu wa kilimani wakakuta bahari imefungwa, safari hii kwa wote.

Lakini wanashuka. Kuna siku za kushuka, na kila moja ina sababu yake.

Ya kwanza ni Mwaka Mpya. Januari 1 fukwe za Durban na kusini yake hazina pa kukanyaga. Watoto hufungwa mkononi utepe wenye namba ya simu ya mzazi, kwa sababu kila mwaka wapo wanaopotea kwenye umati. Wanaotoka bara, hata Johannesburg, huondoka na chupa za maji ya bahari. Wengi wanaamini maji hayo yanatakasa mwili na nyumba.

Ya pili ni alfajiri za ubatizo. Waumini wa makanisa ya Kizayuni, yaani makanisa ya Kikristo ya Waafrika yenye jina la Sayuni, hufika kabla jua halijachomoza, kanzu nyeupe zenye mikanda ya kijani au buluu, ngoma moja, nyimbo. Mchungaji anaingia hadi kifuani, anamshika muumini, anamzamisha, wimbi linawafunika wote wawili. Anayetoka majini anatetemeka, na wa ufukweni wanampokea kwa shuka na kuimba.

Ya tatu ni sadini. Kati ya Juni na Julai, maji baridi yanapopanda kutoka kusini, makundi makubwa ya dagaa hawa huyafuata yakiikumbatia pwani. Utafiti wa vinasaba uliotoka mwaka 2021 ulionyesha kwamba wengi wao ni wenye asili ya upande wa Atlantiki, wapenda baridi, na safari yao ni mtego: maji yakipashika hawana pa kukimbilia. Nyuma yao wanafuata pomboo, papa na ndege wanaojitupa kutoka angani. Nyavu za kuzuia papa huondolewa kwa muda, na habari zinaruka kwa simu kutoka ufukwe hadi ufukwe.

Wavuvi wanakokota juya, mchanga unang'aa fedha, na hapo watu wa kilimani wameshafika na ndoo, mabeseni, mifuko ya plastiki. Mama asiye na chombo anakunja aproni yake ikawa kapu, dagaa wanarukaruka ndani, anacheka huku amelowa hadi kiunoni. Kisha anavuka reli, anavuka barabara, anaingia kwenye Hiace na samaki wake mapajani. Abiria wote wanalalamikia harufu, na wote wanauliza amewapata ufukwe gani.